Pauni Tano za Rubani Whittle

Safari hii sikuleta hadithi ya sungura na fisi, wala sikuleta insha ya siku ambayo sitaisahau, kwa maana hizo tumezisoma tangu darasa la tano hadi zinatutoka puani. Nimeleta habari za mtu. Mtu huyu alikuwa afisa wa jeshi la wanahewa na papo hapo alikuwa mhandisi, na kazi yake hupita juu ya paa la nyumba yetu kila siku ikatulazimu tunyamaze hadi iishe kupita.

Sisi tunakaa Embakasi. Mkaaji wa Embakasi hana haja ya saa, ndege zitamwambia wakati. Baba yangu ni fundi wa magari, ana gereji ndogo kando ya barabara, nami nikitoka shule jioni hupitia hapo kumshikia tochi na kumpa spana (huo ndio uzuri wa shule ya kutwa, wenzetu wa bweni hawaujui). Jioni moja ndege kubwa ilipita ikishuka, nikajigamba kwamba nimesoma kuwa injini ya ndege ile haina pistoni hata moja. Baba alitoka chini ya gari, akanitazama kama mtu aliyemwona kuku mwenye meno. "Kijana," akasema, "injini isiyo na pistoni si injini. Hiyo ni sufuria."

Nilinyamaza, maana mzazi hapingwi mbele ya wateja. Lakini Jumamosi nilienda maktaba nikachakura vitabu mpaka nikafukuzwa wakati wa kufunga. Kumbe ubishi wangu na baba ulikuwa umekwisha kutokea zamani huko Uingereza, kati ya rubani mmoja kijana na wakubwa wake, na ulichukua karibu miaka kumi kuisha! Rubani huyo aliitwa Frank Whittle.

Alizaliwa tarehe 1 Juni 1907 mjini Coventry. Baba yake, Mzee Moses Whittle, alikuwa fundi wa vyuma. Mwaka 1916 familia ilihamia mji wa Leamington Spa, ambako mzee alinunua karakana ndogo ya kutengeneza valvu na ringi za pistoni. Nilipofika hapo nilicheka peke yangu, mtunza maktaba akanikata jicho. Mtu aliyeziondoa pistoni kwenye ndege alilelewa kwa pesa za ringi za pistoni! Hata hivyo pesa zenyewe zilikuwa za kubahatisha. Frank alipata nafasi katika shule ya upili kwa ufadhili, na baada ya masomo alimsaidia babake kwenye mashine. Siku nyingine alijificha katika maktaba ya mji akisoma juu ya turbini za mvuke na jinsi ndege inavyoruka, vitabu ambavyo mwalimu wake yeyote hakumwambia asome.

Mwezi wa Januari 1923 akajipeleka kambi ya Halton kujiunga na jeshi la wanahewa, liitwalo kwa kifupi RAF, awe mwanagenzi wa ufundi wa ndege. Mtihani wa kuandika akaupita. Kwa daktari akaanguka. Urefu wake ulikuwa futi 5 tu na kifua kilikuwa chembamba, akaambiwa rudi nyumbani. Mkufunzi mmoja wa mazoezi ya viungo alimhurumia, akampa orodha ya vyakula na mazoezi. Frank alikula na kujinyoosha kwa miezi sita, akaongezeka inchi 3 kwa urefu na inchi 3 kwa kifua. Akarudi. Wakamwambia ati aliyekataliwa mara moja hapewi nafasi ya pili, hiyo ndiyo sheria. Basi yeye akajaza fomu upya kana kwamba hajawahi kuonekana hapo, akafanya mtihani upya, na Septemba mwaka huo huo akakubaliwa na kupelekwa kambi ya Cranwell. (Mwalimu wa nidhamu, tafadhali ruka aya hii.)

Pale Cranwell alikaa miaka mitatu kama mwanagenzi. Amri za kambini zilimkera hata akafikiria kutoroka. Kilichomshikilia ni chama cha wanagenzi cha kutengeneza vielelezo vya ndege, vindege vidogo ambavyo viliruka kweli kweli, na kazi ya mikono yake ilipendeza hadi ikafika machoni pa mkuu wa kambi. Hapa lazima nieleze jambo. Jeshini kuna askari wa kawaida na kuna maafisa, na kati yao pana ukuta. Mwanagenzi akimaliza huwa fundi wa kushika spana, si rubani. Nafasi za kuuruka ukuta ule zilihesabika kwa vidole vya mkono mmoja ilhali wanagenzi walikuwa mamia. Mwaka 1926 Frank Whittle alipewa moja ya nafasi hizo, akaingia Chuo cha Maafisa kilichokuwa pale pale Cranwell.

Chuoni akajifunza kurusha ndege. Alikuwa rubani hodari sana na pia mtundu sana. Katika taarifa zake aliandikiwa sifa, na chini yake akaandikiwa onyo kwamba anaruka chini mno na kucheza na hatari. Lakini jambo kubwa la chuo hicho lilikuwa karatasi. Kila kadeti alitakiwa kuandika tasnifu, na mwaka 1928, akiwa kijana wa miaka 21, Whittle aliandika juu ya maendeleo ya ndege katika siku zijazo. Swali lake lilikuwa jepesi ukilisikia: ndege itawezaje kwenda mbali na kwa kasi ya maili 500 kwa saa, yaani kilomita 800, wakati ambapo ndege za kivita za jeshi lake hazikufikisha hata nusu ya kasi hiyo?

Jibu lake ni kwamba ni lazima ipande juu sana. Huko juu hewa ni nyepesi, haiizuii ndege. Wewe jaribu kukimbia ndani ya maji ya kiunoni, halafu ukimbie uwanjani, utaelewa. Shida ni kwamba hewa hiyo nyepesi inayoiachia ndege ipite ndiyo hiyo hiyo inayoua injini ya pistoni, maana injini hupumua kama mtu. Ikikosa hewa ya kutosha mafuta hayaungui vizuri, nguvu zinapungua. Tena rafadha, lile panga linalozunguka mbele ya ndege, nalo lina mwisho wake. Likizungushwa kasi mno ncha zake zinakaribia kasi ya sauti, linaanza kupiga kelele nyingi na kuvuta kidogo. Kwa hivyo Whittle alijua anakotaka kwenda, ila hakuwa na injini ya kumfikisha.

Injini hiyo ilimjia kichwani mwishoni mwa mwaka 1929 akiwa katika shule ya wakufunzi wa urubani huko Wittering. Kwanza alikuwa amewaza kutumia injini ya pistoni kuzungusha feni ndani ya bomba ili feni isukume hewa nyuma. Akapiga hesabu akaona uzito ni mwingi na faida ni ndogo. Ndipo akajiuliza, kwa nini nisiitupe pistoni yenyewe nikaweka turbini mahali pake?

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo nilipomshika baba. Injini ya gari, kama mafundi wote wanavyojua, hufanya mambo manne: huvuta hewa, huibana, huiwasha pamoja na mafuta, halafu huitoa. Pistoni hufanya yote manne katika chumba kimoja, moja baada ya jingine, ikipanda na kushuka. Kati ya mara nne ni mara moja tu inayotoa nguvu, hizo tatu ni kazi ya kujiandaa. Injini ya jeti hufanya mambo yale yale manne, kwa mpango ule ule, lakini kila moja lina chumba chake na yote yanafanyika kwa wakati mmoja bila kusimama. Mbele kuna kompresa, gurudumu linalozunguka kwa kasi na kuibana hewa. Hewa iliyobanwa huingia katika chumba cha moto, mafuta yanarushwa humo na kuwaka. Ikishapata moto inataka kutanuka, inatafuta njia ya kutoka nyuma kwa nguvu. Inapotoka inapita katika gurudumu jingine lenye mapanga madogo pembeni. Hilo ndilo turbini. Turbini na kompresa zimefungwa kwenye shafti moja, kwa hivyo moshi unaotoka nyuma ndio unaozungusha kompresa ya mbele ivute hewa nyingine. Nguvu iliyobaki inafyatuka kupitia bomba la nyuma na ndege inasukumwa mbele.

Wengi hudhani kwamba moshi ule unaisukuma hewa iliyo nyuma ya ndege kama mtu anayesukuma ukuta. Hapana. Pulizeni puto halafu mliachie bila kulifunga. Litakwenda huku, upepo wake ukienda kule, na lingeenda hata kama chumbani hakuna hewa. Ile sheria ya tatu ya Newton tunayoikariri bila kuielewa ndiyo hiyo.

Ufundi wake ulikuwa na sehemu moja tu inayozunguka, basi. Hakuna kupanda na kushuka, hakuna mtikisiko. Tena haikuhitaji petroli. Mafuta ya ndege za jeti ni ya jamii moja na mafuta ya taa, haya haya tunayoyanunua kwa kibuyu cha lita moja pale dukani na kutilia stovu.

Whittle alimweleza mkufunzi mwenzake, Pat Johnson, ambaye kabla ya kuingia jeshini alikuwa amefanya kazi ya kushughulikia hataza. Hataza ni hati ya serikali inayosema kwamba uvumbuzi fulani ni wa mtu fulani, na mwingine asiutumie bila ruhusa yake kwa miaka kadhaa. Wakubwa wake wakampeleka Wizara ya Anga mjini London akaonane na mtaalamu wao wa turbini, Dkt. A. A. Griffith. Huyo alikagua hesabu akaona kosa mahali fulani, na wizara ikaandika kwamba jambo hilo haliwezekani kwa sasa kwa sababu hakuna chuma cha kustahimili joto na mkazo wa namna ile. Niseme ukweli, kuhusu chuma hawakuwa wajinga. Mapanga ya turbini huwa mekundu kwa moto huku yakizunguka maelfu ya mara kwa dakika, na chuma cha mwaka 1929 kingenyooka kama ubani. Whittle yeye alisema chuma kitapatikana. Tarehe 16 Januari 1930 akaandikisha ombi la hataza kwa pesa zake. Wizara haikuona hata haja ya kuifanya siri. Ilipochapishwa, mtu wa nchi yoyote angeweza kuisoma.

Maisha ya jeshi yakaendelea. Mwaka huo wa 1930 alioa. Mnamo 1931 alitumwa Felixstowe kujaribu ndege za kutua majini, zile za kurushwa kutoka melini kwa manati, kazi ambayo wengi wangeikimbia. Mwaka 1932 jeshi likampeleka Henlow kusomea uhandisi, akapasi kwa alama ambazo sisi tunaziona katika ndoto tu. Likafurahi naye likampeleka Chuo Kikuu cha Cambridge mwaka 1934, karo juu yake, mshahara juu yake. Mgala muue na haki yake mpe. Jeshi hilo lilimchukua mtoto wa fundi, likamfunza kushika spana, likamfunza kurusha ndege, na sasa likamsomesha hadi chuo kikuu kinachojulikana duniani.

Na sasa nifike kwenye zile pauni tano.

Hataza hailindwi bure. Ada hulipwa ili iendelee kuishi. Januari 1935 ada ya hataza ya Whittle ilifika, pauni 5. Alikuwa mwanafunzi pale Cambridge, ana mke na watoto wawili wadogo, mshahara ni ule wa afisa mdogo. Hakuwa nazo. Wizara ya Anga ikajulishwa, ikasema haitalipa ada hiyo kwa pesa za umma. Hataza ikafa. Ina maana kwamba kuanzia siku hiyo mawazo yaliyokuwa katika karatasi ile, mawazo ambayo yangekuja kubadilisha usafiri wa dunia nzima, hayakuwa mali ya mtu.

Mimi nimesoma sehemu hiyo mara nyingi kuliko zote. Nimewahi kukaa nyumbani wiki mbili kwa ajili ya salio la karo, na wakati huo wenzangu wakafundishwa somo la umeme. Salio lililipwa baadaye, lakini umeme hadi leo naupapasa kama mtu aliye gizani. Kwa hivyo sioni ajabu kwamba mtu mwenye akili kama zile alikosa pauni 5. Ninachoona ajabu ni kwamba wizara ile ile ilikuwa ikimlipia Cambridge gharama kubwa mara nyingi kuliko hizo. Pesa za kumfunza mtu zilipatikana, pesa za kile alichokifikiria hazikupatikana.

Miezi michache baadaye, Mei 1935, barua ilimfikia kutoka kwa Rolf Dudley-Williams, mwenzake wa zamani wa Cranwell, akiuliza kama lile wazo la injini bado liko hai. Huyo na rafiki yake Collingwood Tinling, wote wawili wanahewa waliostaafu, walitafuta wafadhili wakapata benki ndogo mjini London. Hataza mpya za maboresho zikaandikishwa. Mwaka 1936 kampuni ikaundwa, ikaitwa Power Jets. Whittle akamaliza Cambridge mwaka huo huo akiwa na daraja la kwanza. Na jeshi? Jeshi lilimruhusu awe mhandisi mkuu wa kampuni hiyo bila mshahara, kwa sharti kwamba asiifanyie kazi zaidi ya saa 6 kwa juma. Saa sita! Sisi hupewa zaidi ya hizo kwa usafi wa darasa. Bahati nzuri hakuna aliyezihesabu sana.

Injini ya kwanza ilitengenezwa katika kiwanda cha British Thomson-Houston mjini Rugby. Jioni ya tarehe 12 Aprili 1937 Whittle aliiwasha. Ikazungushwa kwanza kwa mota ya umeme, mafuta yakafunguliwa, moto ukashika. Halafu ikaanza kulia kwa sauti ya juu na kuongeza kasi yenyewe. Akafunga valvu ya mafuta. Ikazidi kuongeza kasi! Wafanyakazi wote walitimua mbio, kila mtu na roho yake. Whittle peke yake ndiye aliyebaki amesimama penye mitambo, na si kwa ushujaa: alikiri mwenyewe kwamba woga ulimgandisha. Baadaye chanzo kilijulikana. Wakati wa matayarisho mafuta yalikuwa yamevuja na kutuama chini ya chumba cha moto, kwa hivyo hata valvu ilipofungwa injini ilikuwa na akiba yake ya kunywa. Walitoboa mahali pa kutolea mafuta hayo, shida ikaisha.

Shida nyingine hazikuisha haraka hivyo. Kuuwasha moto ndani ya upepo ule ni kama kuwasha kiberiti mgongoni mwa pikipiki iendayo kasi. Mwanzoni walijaribu kuyageuza mafuta kuwa mvuke ndani ya vijibomba vyenye moto, kama inavyofanya stovu ya kupiga pampu. Nyumbani tunayo, na mama hukaa na sindano ya kuizibua kila mara. Vijibomba vya Whittle navyo viliziba na kupinda, akajaribu aina baada ya aina. Dawa ilipatikana mwaka 1940 wakati mhandisi wa kampuni ya Shell, Isaac Lubbock, alipoleta njia ya kuyarusha mafuta kwa matone madogo madogo kama ukungu. Nacho chuma kikapatikana, hasa aloi za nikeli zilizoitwa Nimonic, ambazo zilivumilia joto bila kunyooka. Ile sababu ya wizara ya mwaka 1929 ilikuwa imepata jibu.

Wakati huo wote Wajerumani hawakulala. Kijana mwanasayansi aitwaye Hans von Ohain, mdogo kwa Whittle kwa miaka minne, alikuwa anatengeneza injini ya jeti katika kiwanda cha Heinkel, naye alikuwa na tajiri wa kumlipia. Ndege yao, He 178, iliruka tarehe 27 Agosti 1939, siku chache kabla ya Vita vya Pili vya Dunia kuanza. Hiyo ndiyo ndege ya kwanza ya jeti duniani, na katika hili Uingereza ilipitwa. Wizara ya Anga ilikuwa imezinduka kiangazi hicho hicho, baada ya mkurugenzi wake wa utafiti kutembelea karakana ya Power Jets mjini Lutterworth na kushuhudia injini ikifanya kazi dakika 20 bila kukohoa. Pesa zikaanza kutoka.

Ndege ya Whittle iliitwa Gloster E.28/39. Iliruka tarehe 15 Mei 1941, jioni, ikirushwa na rubani Gerry Sayer kwa dakika 17. Mahali ilipopaa ni Cranwell, kambi ile ile alikoingia kama mwanagenzi mfupi miaka 18 kabla. Pat Johnson, aliyekuwa kando yake, alimpigapiga mgongo akimwambia kwamba inaruka. Whittle akamjibu kwa ukali kwamba si ndivyo ilivyokusudiwa?

Yaliyofuata nitayapitisha mbio. Oktoba 1941 injini moja yake ilisafirishwa kwa ndege hadi Marekani na kukabidhiwa kampuni ya General Electric, na mwaka uliofuata Wamarekani nao walirusha jeti yao. Viwanda viligombana juu ya kutengeneza injini za Uingereza, mpaka Rolls-Royce ikachukua kazi hiyo mwaka 1943. Julai 1944 ndege za Gloster Meteor ziliingia vitani zikawinda mabomu ya kujiendesha ya Wajerumani. Whittle mwenyewe alikuwa amekonda. Alivuta sigara bila kipimo na kumeza vidonge vya kumkesha, mishipa ya fahamu ikachoka, akalazwa hospitalini kwa muda mrefu.

Mwaka 1944 serikali iliichukua Power Jets iwe mali ya umma. Whittle alikuwa amependekeza viwanda vyote vya jeti vichukuliwe, serikali ikachukua hiki kimoja. Hisa zake zilikuwa na thamani ya pauni 47,000. Akazitoa kwa serikali, maana aliona haifai afisa aliye kazini kutajirika kwa kazi aliyoifanya akiwa analipwa na umma. Akapewa pauni 10,000. Mama alipolisikia hili alisema huyo mtu aliwakosea watoto wake. Mimi na mama hatujakubaliana juu ya hilo hadi leo. Aliacha jeshi mwaka 1948 kwa sababu za afya, akiwa na cheo kilicho sawa na brigedia wa nchi kavu, na mwaka huo akapewa pauni 100,000 kama tuzo ya wavumbuzi na kufanywa Sir Frank.

Je, sisi wa Afrika Mashariki tunaingia wapi? Tarehe 2 Mei 1952 shirika la BOAC, ambalo Whittle alilishauri baada ya kuacha jeshi, lilianza safari ya kwanza kabisa duniani ya abiria ndani ya ndege ya jeti. Ndege hiyo ni Comet. Haikwenda New York wala Paris. Ilitoka London kwenda Johannesburg, na njiani ilitua Khartoum na Entebbe. Kwa hivyo Uganda iliipokea jeti ya abiria kabla ya Marekani! Mwaka 1960 shirika letu la East African Airways, ambalo Kenya, Uganda na Tanganyika zilimiliki pamoja na Zanzibar, lilinunua Comet zake lenyewe. Ile General Electric iliyojifunza kwa injini ya Whittle haikuacha kutengeneza jeti. Ndege za kivita za F-5 za jeshi letu la wanahewa, zilizoanza kuja mwaka 1978, zina injini zake. Dreamliner za Kenya Airways pia. Zimebadilika mno, zina feni kubwa mbele inayopitisha hewa nyingi nje ya moto, lakini hata wazo hilo la feni Whittle aliliandikisha mwaka 1936.

Mzee huyo alihamia Marekani mwaka 1976. Alikutana na von Ohain wakawa marafiki, na mwaka 1991 wakatunukiwa kwa pamoja Tuzo ya Draper ya uhandisi. Alifariki tarehe 9 Agosti 1996, na majivu yake yamewekwa kanisani Cranwell.

Haya yote nilimsomea baba gerejini, naye akiwa chini ya gari. Nilipoeleza ile habari ya kuvuta, kubana, kuwasha na kutoa, alinyamaza kwa muda nikadhani amelala. Kisha akauliza, "Na isipokuwa na pistoni, nani huizungusha mara ya kwanza?" Nikamjibu kwamba ya Whittle ilizungushwa na mota ya umeme, na nyingi za siku hizi huzungushwa na hewa iliyobanwa inayotoka katika injini ndogo iliyo mkiani mwa ndege.

"Kumbe ina starta," akasema. "Basi hiyo ni injini. Nipe spana namba 17."